Povu kati ya vioo viwili: viputo vya pande tano vinanywea

Kifaa changu cha kutazama povu la sabuni kimekamilika. Ni vioo viwili vya dirisha alivyonikatia fundi hapa Kigoma, vimetenganishwa kwa njiti za kiberiti na kuzibwa kingo kwa silikoni. Upenyo ni kama milimita 2, kwa hiyo viputo hukaa tabaka moja na kila utando, yaani ukuta mwembamba wa sabuni kati ya viputo, huonekana kama mstari.

Sabuni ni ya mawese, ya kununua sokoni Mwanga. Maji ni ya mvua, kwa sababu Ziwa Tanganyika lina magnesiamu nyingi, nayo hushikana na sabuni ikatoa ukoko mweupe badala ya povu. Gliserini kidogo huzuia tando kukauka upesi.

Nilichokuwa nakitafuta sasa nakiona kwenye picha za simu. Tando hukutana tatu tatu, kwa pembe ya nyuzi 120. Hiyo ni mojawapo ya kanuni za mwanafizikia Joseph Plateau wa Ubelgiji, aliyechapisha kitabu chake kuhusu tando za sabuni mwaka 1873, akiwa kipofu kwa miaka mingi. Mimi mwenye macho mawili najiona nina deni kwake.

Kutokana na pembe hiyo mengine yote yanafuata. Kiputo cha pande sita kinaweza kuwa na kuta zilizonyooka. Chenye pande tano hakiwezi: ili kutimiza nyuzi 120 kila konani, kuta zake lazima zibinuke kwa nje, maana yake kanieneo (msukumo wa hewa) la ndani limezidi la viputo jirani. Hewa hupenya utando polepole kwenda kwao, na kiputo kinanywea. Chenye pande saba kuta hubonyea ndani, nacho hunenepa.

Mwaka 1952 mwanahisabati John von Neumann alionyesha kwamba kasi ya eneo kubadilika inategemea idadi ya pande ukitoa sita, basi. Ukubwa haumo, wala umbo. Hili ndilo linalonikosesha usingizi: kiputo kikubwa cha pande tano kinapungua, huku kidogo cha pande saba kando yake kinakua.

Kwenye picha zangu mwelekeo unakubali. Kasi bado sijaipima. Nimebandika karatasi ya miraba nyuma ya kioo ili nihesabu eneo la kila kiputo picha kwa picha, nikianza na vya pande nne, ambavyo kwa kanuni vinapaswa kupungua kwa kasi mara mbili ya vya pande tano.