Usiku wa Malaika wawili

Jana nimechelewa sana kulala. Niliweka ule wimbo wa Malaika wa Fadhili William wa Kenya, ukaisha, nikaweka wa Miriam Makeba, nikarudi tena kwa Fadhili. Nimezunguka hivyo mara sita au saba, sauti chini kabisa nisiwaamshe watu.

Chanzo ni harusi ya Jumamosi. Binamu yangu aliniomba niimbe wakati wa kukata keki, nami nikakubali hapohapo, maana Malaika naijua tangu sijajua kusoma. Nikaimba. Vigelegele vikapigwa. Halafu shangazi akanivuta pembeni, akaniuliza polepole: "Mwanangu, hiyo 'ningekuoa mali we' ndiyo nini?"

Nilibaki nimeduwaa. Nimeyaimba maneno hayo maisha yangu yote na sikuwahi kuyasikiliza. Ningekuoa, mali, we. Nani anaoa mali?

Jibu nimelipata jana usiku. Fadhili haimbi hivyo. Katika rekodi yake ya mwanzoni mwa miaka ya 1960, baada ya kumwambia Malaika kwamba anampenda, anauliza, "Nami nifanyeje, kijana mwenzio?" Ndipo anakiri kwamba anashindwa, mali hana. Makeba ndiye anayeimba "ningekuoa mali we, ningekuoa dada". Nadhani ile "mali sina we" ya mstari unaofuata ilipanda juu ikatulia mahali isipohusika. Simlaumu. Alizaliwa Afrika Kusini, Kiswahili hakikuwa lugha yake, na alipouimba na Harry Belafonte kwenye albamu yao ya 1965, iliyokuja kupata tuzo ya Grammy, wasikilizaji wengi wa Marekani wangejuaje? Sisi tunaokijua Kiswahili ndio tuliosikia na bado tukaufuata wake. Mimi wa kwanza.

Lakini "kijana mwenzio" inaniuma kuikosa. Ndani ya neno hilo mwenzio kuna wimbo mzima: tu rika moja, tumekua pamoja, mfuko wangu unaujua ulivyo, sasa unataka nifanyeje? Si tajiri anayetongoza, wala si maskini anayeomba huruma. Ukiliondoa ukaweka "dada", kinabaki kilio kizuri kisicho na mtu ndani yake.

Na hapo kuna jambo jingine lililonichekesha peke yangu gizani. Kwa Kiswahili mwanamume huoa, mwanamke huolewa. Makeba anasimama na sauti ile, mwanamke mzima, anasema angemuoa dada. Angeweza kugeuza, lakini "ningeolewa nawe" haitoshei kwenye mdundo, na pia habari yenyewe ingevunjika, kwa sababu anayekwama na mahari ni mwanamume. Kwa hiyo wanawake waliourudia wimbo huu huazima mdomo wa kiume. Hata mimi Jumamosi nilimuoa mtu, na hakuna aliyeshtuka.

Fadhili anauimba kama mtu aliyekaa kwenye kiti, anaongea. Gitaa linatembea pembeni yake bila haraka. Makeba anauinua, anaivuta ile "Malaika" ya kwanza mpaka unahisi atakosa pumzi, na hakosi. Kwa sauti tu, sina ubishi, wa Makeba ni mkubwa zaidi. Ila ukitaka kumwamini huyo kijana kwamba kweli hana kitu, msikilize Fadhili. (Kundi la disko la Boney M. nao waliurudia mwaka 1981. Ule unachezeka. Kijana wa watu amekosa mahari, nyie mnakata viuno.)

Nani hasa aliutunga ni ugomvi wa zamani. Fadhili alisema ni wake, na wapo waliosema ni wa Adam Salim wa Tanzania. Hapo siingii.

Nilichoingia, mpaka saa nane usiku, ni ubeti wa kidege. "Kidege, hukuwaza kidege." Nimekuwa nikiusikia kama mazoea: mimi hukuwaza wewe, kila siku, kidege changu. Jana, kwa mara ya kwanza, sikio likapinduka. Hukuwaza. Wewe hukuwaza. Hukufikiri. Yaani ni lawama: ulikubali kupelekwa kwingine na hukunifikiria hata kidogo. Kisarufi yote mawili yanakubalika, herufi ni zilezile. Wa kwanza anabembeleza, wa pili ameshaachwa. Nimejaribu kumsikiliza Fadhili nijue anamaanisha lipi, na kila nikirudia nasikia lile ninaloogopa kulisikia.

Asubuhi nimemtumia shangazi rekodi ya Fadhili, na maelezo marefu ya kujitetea. Amenipigia badala ya kuandika. Akasema, huyu ndiye, huyu ndiye tuliyekuwa tukimsikia redioni. Kisha akanyamaza kidogo. "Lakini mwanangu, wimbo wa mtu aliyeshindwa na mahari unauimbaje harusini?"

Nimemwambia bwana harusi mwenyewe bado anadaiwa nusu. Akacheka mpaka simu ikakatika.