Jinsi nilivyompa mwanangu jina la Kasiani

Baba mkwe aliuliza swali moja tu: "Maana yake nini?"

Tulikuwa kwake Tukuyu, mwezi Machi, mvua ile ya Rungwe isiyojua kukatika. Mke wangu alikuwa amekwenda kwa mama yake kulelewa uzazi, mtoto ana wiki tatu, na mimi nimepanda gari kutoka Mbeya mjini kwenda kutangaza jina. Maneno yangu nilikuwa nimeyapanga njiani: mtoto ataitwa Kasiani, jina la babu yangu mzaa baba, aliyekuwa katekista kwa zaidi ya miaka thelathini na akafariki 2019. Nilidhani hilo linatosha. Kwetu Iringa ukisema jina ni la babu umemaliza.

Kwa baba mkwe nilikuwa bado sijaanza. Yeye ni Mnyakyusa na mzee wa kanisa la Moravian, na katika nyumba yake kila jina linajieleza lenyewe. Tusajigwe, tumebarikiwa. Atupele, ametupa. Lugano, upendo. Nyuma ya Biblia yake kuna ukurasa alioupiga mistari kwa rula: majina ya wajukuu upande mmoja, maana upande wa pili. Alikuwa ameshaifungua, kalamu mkononi, anasubiri.

Sikuwa na jibu. Nilisema ni jina la mtakatifu. Akatikisa kichwa kwa upole, akasema, "Mkwe, hilo nimeelewa. Nauliza maana."

Shemeji yangu mdogo akatoa simu, akatafuta, akasoma kwa sauti: jina hilo linahusishwa na neno la Kilatini lenye maana ya kitu kitupu, kisicho na kitu ndani. Ikawa kimya, mvua tu juu ya bati. Mama mkwe akamvuta mtoto kifuani kana kwamba kuna mtu anataka kumchukua. Baba mkwe akafunga Biblia.

"Mtupu," alisema. "Tumwite mtoto Mtupu?"

Niliondoka nikiwa nimeahidi jambo moja: nitarudi na maana, na nisipoipata, wao ndio watakaochagua jina. Mke wangu alinisindikiza hadi barabarani na kunong'ona, "Usiniangushe." Yeye alikuwa amelipenda jina hilo kabla hata ya mimi, kwa sababu alimpenda babu.

Nilianza kwa kumpigia baba. Naye hakujua. "Alibatizwa nalo," alisema. "Nenda parokiani, kitabu kipo." Jumamosi iliyofuata nikashika basi alfajiri, Chimala, Makambako, Mafinga, Iringa, kisha bodaboda hadi kijijini kwetu, upande wa Kalenga na Tosamaganga. Wabenediktini kutoka Ujerumani ndio waliofungua misheni ya Tosamaganga mwishoni mwa karne ya 19, kisha baada ya Vita ya Kwanza ya Dunia wakaja Wamisionari wa Consolata kutoka Italia. Ndiyo maana ukanda wetu na Songea una wazee wenye majina ambayo mtu wa Tanga au Mwanza huyashangaa: Meinrad, Adelhelm, Winfrid. Yalikuja na watawa, yakabaki, na sasa ni yetu.

Paroko alitoa daftari la ubatizo kabatini yeye mwenyewe. Lilikuwa limefungwa kwa kamba ya katani, kurasa zimepata rangi ya chai, na vichwa vya safu vimeandikwa Kilatini. Tulipekua kwa uangalifu hadi mwaka 1939. Kidole chake kikasimama: tarehe 13 Agosti, siku ya Jumapili, *Cassianus*, likifuatiwa na jina la baba yake kwa Kihehe, la mama yake, na la msimamizi. Pembeni kabisa, kwa wino mwingine na mkono mwingine, imeandikwa ndoa yake na bibi. Maisha ya babu yote ya kanisa yamekaa kwenye mstari mmoja usiozidi upana wa kiganja.

Lakini kilichonifanya nikae chini ni mstari uliofuata. Tarehe ileile, mtoto mwingine wa kiume wa kijiji kilekile: *Hippolytus*.

Mzee Hipoliti namjua tangu utoto. Ni wa ukoo mwingine kabisa, nyumba yake ng'ambo ya mto, na yeye na babu waliitana "pacha" hadi babu alipofariki. Sisi watoto tulidhani ni utani wa wazee. Nikamuuliza paroko mbona majina haya mawili yamekaa pamoja. Akanieleza kwamba kwenye kalenda ya zamani ya Kanisa, tarehe 13 Agosti ilikuwa kumbukumbu ya watakatifu wawili wafiadini, Hipoliti na Kasiani. Siku hizo sheria ya Kanisa ilimtaka padre ahakikishe kila anayebatizwa anapata jina la Kikristo, na njia ya kawaida ilikuwa kutazama kalenda: mtakatifu wa siku ndiye somo wako, unachukua jina lake. Watoto wawili, watakatifu wawili, wakagawana.

Kwa hiyo babu hakuchaguliwa jina kwa maana yake. Alipewa kwa siku yake. Nilifurahi na nikaogopa kwa pamoja, maana hilo lisingemtosha baba mkwe hata kidogo. Na nilipoangalia kalenda ya mwaka huu ukutani mwa ofisi, tarehe 13 Agosti imeandikwa Watakatifu Ponsiano na Hipoliti. Kasiani hayupo. Paroko akasema kalenda ilipangwa upya mwaka 1969, watakatifu wengi wakapunguzwa kwenye orodha ya Kanisa zima, na Kasiani akabaki kwenye kitabu cha wafiadini na kwenye maeneo yanayomheshimu kwa namna ya pekee. Hajafutwa utakatifu. Hasomwi tu kila mahali. Ndiyo sababu vijana hawamjui na jina limekuwa adimu.

Kutoka hapo nilitumia karibu miezi miwili, jioni baada ya kazi, nikisoma na kumuuliza binamu yangu aliyepita seminari na anayekijua Kilatini. Nilitafuta maana moja, nikakutana na watu.

Wa kwanza ni Kasiani wa Imola, mji wa Italia, ndiye yule wa 13 Agosti. Alikuwa mwalimu. Aliwafundisha watoto kuandika, na hasa kuandika kwa kifupi, ile hati ya haraka ya makarani. Wakati wa madhulumu alikataa kuitolea miungu sadaka, na hukumu ikawa akabidhiwe kwa wanafunzi wake mwenyewe. Wanafunzi wa siku zile waliandika kwa vijiti vya chuma vyenye ncha kwenye vibao vilivyopakwa nta. Wakamuua kwa vijiti hivyo. Mshairi Prudentius alipita Imola zaidi ya miaka 1,600 iliyopita, akaona picha ya tukio hilo kaburini pake, akaitungia shairi. Nilipomsimulia mke wangu kwa simu alinyamaza muda mrefu. Yeye ni mwalimu wa darasa la kwanza. Nilidhani amechukia. Kumbe alikuwa analia.

Wa pili ni Mwafrika. Kasiani wa Tangier, kwenye Moroko ya leo, alikuwa karani wa mahakama. Mwaka 298 alikuwa akiandika mwenendo wa kesi ya askari Mkristo aitwaye Marselo, na hakimu alipotamka hukumu ya kifo, Kasiani akatupa kalamu na vibao chini, akasema hukumu ile si ya haki. Naye akauawa. Siku yake ni 3 Desemba. Huyu ndiye ninayempenda kuliko wote. Karani mdogo ambaye kazi yake ilikuwa kuandika na kunyamaza, na siku moja akakataa kuandika.

Wa tatu ni Yohane Kasiani, mmonaki aliyeishi na watawa wa jangwa la Misri kisha akaanzisha monasteri Marseille, Ufaransa, mwanzoni mwa karne ya 5. Benedikto, ambaye Wabenediktini wanafuata Kanuni yake, anaagiza humo maandiko ya Kasiani huyu yasomwe kwa watawa jioni. Kwa hiyo watawa waliokuja kwetu walikuja na jina hilo masikioni.

Na yuko wa nne, ambaye si mtakatifu, ila ndiye aliyelileta jina hili karibu na mlango wetu: Cassian Spiss, Mbenediktini kutoka Tyrol, Austria. Mwaka 1898 ndiye aliyeanzisha misheni ya Peramiho, na mwaka 1900, miaka miwili tu baada ya kifo cha Mkwawa, kamusi yake ndogo ya maneno ya Kihehe kwa Kijerumani ilichapishwa. Baadaye akawa askofu. Aliuawa pamoja na wenzake wanne, mabruda wawili na masista wawili, karibu na Liwale wakati wa Maji Maji, tarehe 14 Agosti 1905. Siku moja tu baada ya sikukuu ya somo wake. Sisi watu wa kusini Maji Maji ni vita ya babu zetu, na sikuwa natafuta jina ili nichague upande. Lakini mtu aliyekaa chini na wazee wa Kihehe akaandika neno kwa neno walivyoita maji, moto, mama, siwezi kumpita kimya.

Mwalimu wa kuandika, karani, mwandishi wa watawa, mkusanya maneno. Babu yangu naye, katekista, aliandika barua za kijiji kizima, kwa watu ambao hawakujua kusoma, na hakuwahi kumtoza mtu hata shilingi. Alizoea kumsomea mwenye barua alichoandika mara mbili kabla ya kufunga bahasha, ili asiweke neno ambalo mwenyewe hakulisema.

Bado lilibaki lile neno "tupu". Hapo aliyenisaidia ni binamu. Alinieleza kwamba Cassius lilikuwa jina la ukoo wa Kirumi, na *Cassianus* limeundwa kutoka humo: ukiongeza -anus mwishoni, maana yake ni mtu wa ukoo wa Cassius. Warumi hawakuwa wakimwita mtoto "mtupu" kama ambavyo wewe, ukikutana na mtu wa ukoo fulani, huchambui silabi za jina la babu wa babu yake.

Nilirudi Tukuyu mwezi Mei, na daftari langu la mistari limejaa. Sikumpa baba mkwe hotuba. Nilimsomea wale wanne, mmoja mmoja, na mama mkwe akaacha kumenya ndizi akasogea karibu. Nilipofika kwa yule mwalimu, mama mkwe aliguna kwa uchungu, "Watoto aliowafundisha mwenyewe." Kwa karani wa Tangier baba mkwe akaniambia, "Rudia hapo." Nikarudia.

Mwishoni nikafika kwenye ule mwisho wa jina, -anus. Nilikuwa sijamaliza sentensi, yeye akacheka, mara ya kwanza tangu suala hili lianze.

"Kumbe ni Mwa-," alisema. "Ni Mwa- iliyohamia nyuma."

Anayewajua Wanyakyusa ataelewa. Majina yao ya ukoo huanza na Mwa-, uzao wa fulani, na kwa mzee wa Rungwe hakuna maana iliyo nzito kuliko hiyo. Akafungua Biblia, akaandika Kasiani upande wa kushoto, akafikiri, na upande wa kulia akaandika: *wa ukoo wa waandishi, jina la babu yake wa Iringa.*

Cheti cha kuzaliwa kilitaka kuniharibia furaha. Mkoa wa Mbeya ndio ulioanza, mwaka 2013, utaratibu wa kuwapa watoto wa chini ya miaka mitano vyeti bure karibu na wanakoishi, na vinaandikwa kwa mkono. Aliyekuwa akiandika alisikia Kasiani, akaandika Kasimu. Niliona kabla ya muhuri, kikaandikwa kingine. Ushauri wangu kwa anayechagua jina adimu: liandike kwa herufi kubwa kwenye karatasi, ukabidhi karatasi, usitamke tu. Na amueni mapema tahajia. Baba alitaka Cassian, kama Ulaya. Mimi nilishikilia Kasiani, kwa K, kwa sababu ndivyo babu alivyotia sahihi maisha yake yote.

Tulimbatiza Julai, kwenye baridi ya kutisha, Mbeya mjini. Baba mkwe alikuja na suti yake ya kanisani, akakaa kiti cha mbele. Mzee Hipoliti hakuweza kusafiri, miguu imekataa. Tulimpigia simu baada ya misa, nikaiweka karibu na mdomo wa mtoto, ambaye wakati huo alikuwa analia kwa nguvu zote. Mzee akasikiliza, kisha akamsalimu Kihehe kwa sauti ya kukwaruza, "Kamwene, pacha."

Kalenda ya parokia iko ukutani jikoni kwetu. Tarehe 13 Agosti imechapwa vilevile, Watakatifu Ponsiano na Hipoliti. Mke wangu, kwa kalamu nyekundu anayosahihishia madaftari ya darasa la kwanza, ameongeza pembeni: *na Kasiani.*