Nimerudi Tanga, ila wale wazee wa Adelaide hawanitoki kichwani

Jamani nimerudi Tanga mazima, Adelaide kule Australia basi, na kilichonishangaza sio joto wala bodaboda zilivyojaa, ni vile hakuna aliyeniuliza karatasi. Shangazi kaniangalia usoni, kasema pua ya marehemu babu yake hiyo, nikawekewa sahani. Mjomba naye akaanza kunitajia ukoo mpaka wa Pangani huko, hata watu ambao sijawauliza haha.

Sasa kule nilikuwa nafanya kazi ya kutunza wazee, na baadhi yao ni Waaborijini, wenyeji wenyewe wa nchi ile, waliochukuliwa kwa mama zao wakiwa wadogo. Na ilikuwa sera ya serikali kabisa, ripoti ya 1997 inakadiria kati ya 1910 na 1970 walichukuliwa kuanzia mtoto mmoja kwa kila kumi hadi mmoja kwa kila watatu, hasa machotara, wakalelewe kizungu. Kwenye bweni la Kinchela, New South Wales, wavulana walikuwa wanaitwa kwa namba, namba jamani.

Mtu kama huyo akitaka kwenda kwao anaanzia wapi? Hana shangazi wa kumjua pua. Anaomba faili, faili lile lile walilomfungulia waliomchukua, ndio njia yake ya kurudi. Kulikuwa na mtafiti mmoja Norman Tindale, 1938 na 1939 alizunguka kwenye misheni na makambi akipima watu vichwa na kuwapiga picha, ila akaandika pia nani kamzaa nani, na leo wajukuu wanaomba karatasi zake kwenye makumbusho ya Adelaide wapate sura za bibi zao. Mimi ningezichana. Wao wanazihitaji.

Au Bruce Trevorrow, Mwaborijini naye. Krismasi ya 1957, mtoto wa miezi 13, tumbo linamuuma, kapelekwa hospitali Adelaide, na wiki chache tu baadaye kashagawiwa kwa familia ya kizungu mama hana habari. Mama akaandika barua kuuliza mwanangu anarudi lini, akajibiwa anaendelea vizuri ila madaktari bado wanamhitaji. Uongo mtupu, na walivyo watu wa makaratasi wakautunza kwenye faili! Ndio ukaja kuwa ushahidi mahakamani, 2007 akashinda, dola 525,000, mwaka uliofuata akafariki. Alirudishwa kwa mama ana miaka kumi hivi, haikudumu, walishakuwa wageni, wakati ndugu zake waliokulia nyumbani walikuwa sawa tu.

Mzee mmoja niliyekuwa namhudumia alimpata ndugu yake kupitia Link-Up, hawa ndio kazi yao kuunganisha familia. Nikamuuliza siku ya kwanza mlilia sana? Akacheka, anasema tuligombana nani mkubwa, maana kwenye faili la mmoja wetu mwaka wa kuzaliwa walijiandikia tu, na mpaka naondoka walikuwa hawajakubaliana.