Kambale tapeli wa Tanganyika
Nimepita kwa mshkaji Sinza anafuga samaki kwenye tanki la kioo, akanionyesha kambale mdogo ana madoadoa meusi, Synodontis multipunctatus, wa Ziwa Tanganyika huko kwetu. Aisee huyu ni tapeli! Kuna sikilidi (samaki wa ukoo wa sato na perege) wanaoatamia mayai mdomoni, sasa mama akiwa anataga kambale anajipenyeza anamwaga ya kwake, mama anazoa yote anabeba tu, ya kambale yanaanguliwa mapema afu vitoto vinakula watoto wa mwenye nyumba humohumo mdomoni 😳 Mjapani Tetsu Sato ndo aliandika hii kitu 1986. Na sio ukoo mmoja na kambale wetu wa kukaanga, yule ni Clariidae, huyu Mochokidae, ukimshika anapiga kelele kwa mwiba wa pezi lake.