Tokyo kwa mwendo wa mama yangu

Mama yangu ana miaka 68 na goti lake la kulia limechoka. Akitoka sokoni Ngamiani, pale Tanga, huketi mara mbili njiani kabla hajafika nyumbani. Kwa hiyo kaka alipotupigia simu kwamba tiketi za Japani ziko tayari, wenzangu wakaanza kunishauri habari za masweta, mimi nikaanza kuwaza goti.

Kaka anaishi Yokohama, mji jirani na Tokyo, anafanya biashara ya magari yaliyotumika, haya yanayoteremshwa kila siku bandarini Dar. Siku za kazi hana nafasi hata ya kula vizuri. Mama naye alikuwa na sharti moja tu: lazima aione Tokyo kwa miguu yake. "Nisiende mpaka huko nikarudi na habari za dirisha la basi," alisema. Nikaona hapa itabidi nikodi mtu wa kututembeza sisi wawili peke yetu, maana kwenye kundi la watu ishirini mama angekuwa mzigo wa wenzake, na hilo nisingelivumilia.

Kampuni ya kwanza niliyoiandikia ilinitumia ratiba ya sehemu saba kwa saa sita. Nikaomba wapunguze ziwe tatu, nikaeleza hali ya mama. Wakajibu kwamba ratiba haibadiliki, na kama mama atashindwa kufuatana nasi anaweza kusubiri kwenye mkahawa. Nililisoma jibu lile mara mbili, nikaiweka simu chini. Mtu amevuka bahari kuja kuuona mji, halafu asubiri mkahawani?

Wa pili alikuwa mwanamke anayejitegemea, mtu mzima wa miaka 60. Kabla ya kutaja bei aliniuliza maswali. Mama anapanda ngazi ngapi bila kupumzika? Kinachomuumiza zaidi ni kupanda au kushuka? Hamli nini? Saa za sala ni zipi? Je, kuna mahali msipopenda kuingia kwa sababu ya dini? Miaka yote ya kumpeleka mama hospitali, hakuna aliyewahi kuniuliza habari ya kushuka. Na kweli, kushuka ndiko kunakomtesa. Kwa swali lile moja nilikuwa nimeshaamua.

Yeye ana leseni ya serikali ya kuongoza wageni na kufasiri, ambayo mtu haipati bila mtihani wa lugha, historia na jiografia ya Japani. Tangu 2018 sheria yao inamruhusu hata asiye na leseni kufanya kazi hiyo kwa malipo, kwa hiyo anayetafuta mwongozaji ni vizuri aulize. Wapo pia wanaojitolea bure, unawalipia nauli na viingilio tu, na nasikia wengi ni wastaafu wenye moyo sana. Mimi nilitaka kununua muda wa mtu, niwe na haki ya kusema "tuketi kidogo" bila kuona haya. Bei ilikuwa yeni 30,000 kwa saa nne, kama dola 200 hivi, kwa sisi wawili pamoja na si kwa kichwa. Nauli yake ya treni juu yangu. Si hela ndogo, na niliidunduliza miezi.

Akapendekeza sehemu mbili tu: Asakusa na Yanaka. Nikashtuka. Safari yote hii kwa sehemu mbili? Nikamwomba aongeze Shibuya, kule kwenye makutano yanayoonekana kwenye kila video. Akanijibu kwa upole kwamba Shibuya kaka yangu atatupeleka usiku, pale macho yanatosha, hapahitaji mtu wa kueleza. Akaniambia pia tulale Asakusa usiku wa kuamkia siku hiyo, ili tusipande treni asubuhi saa za watu kwenda kazini, na akanitumia ramani ndogo aliyoichora kwa mkono: vituo, mabenchi, vyoo, na mlango upi wa kituo una lifti. Chini ameandika: "Yanaka kuna ngazi 36 za kushuka. Pembeni ipo njia ya mteremko. Tutapita mteremkoni."

Ramani ile ilinifaa kuliko simu. Jioni tuliyofika tulizunguka karibu saa nzima kuitafuta nyumba ya wageni tukiwa na anwani kwenye simu. Kumbe mitaa mingi ya Tokyo haina majina. Wao huhesabu eneo, kisha kizio ndani ya eneo, kisha nyumba ndani ya kizio. Anwani ni namba tatu zilizofuatana, na njia inayopita katikati haitajwi kabisa. Ukiuliza "hii ni barabara gani" unamtia mwenzako mashakani bure.

Asubuhi saa mbili kamili tulimkuta mlangoni, amevaa koti jeusi na viatu vya raba, ameshika kiti kidogo cha kukunja. Kiti cha mama. Alikuwa amekibeba kutoka nyumbani kwake. Nikamwamkia "shikamoo" kwa sababu mama alinikanyaga mguu, nikamweleza maana yake na namna ya kuitikia. Akalirudia neno lile polepole, "marahaba," kisha akamgeukia mama akamwita Okaasan, ndiyo "mama" kwa Kijapani. Mama akamwita "mdogo wangu." Hivyo ndivyo walivyoitana mpaka mwisho, mimi katikati nikitafsiri.

Lango la Kaminarimon, mbele ya hekalu la Sensoji, lina taa kubwa nyekundu ya karatasi, urefu karibu mita nne, uzito kilo 700. Watalii wote wanaipiga picha kwa mbele. Mwenyeji wetu akamweka mama kwenye kiti chake, chini ya taa hasa, akamwambia aangalie juu. Chini ya ile taa kumechongwa joka kwa mbao, limejikunja kwenye duara, magamba yake unaweza kuyahesabu. Kwenye mkanda wa shaba unaoizunguka taa kuna maandishi. Akatueleza kwamba lango la zamani liliungua mwaka 1865, mahali pakabaki wazi miaka 95, mpaka 1960 tajiri mmoja, Matsushita Konosuke, alipolijenga upya na kutoa taa kwa kushukuru kupona maradhi. Ni yule aliyeanzisha kampuni ambayo leo inaitwa Panasonic. Halafu akasema, kama jambo la kupita tu, kwamba zamani bidhaa zao ziliuzwa kwa jina la National.

Nilipomtafsiria, mama alinyamaza. Kisha akauliza, "National ile ya redio?"

Marehemu baba alikuwa na redio ya National, imevishwa kitambaa cha kufuma, iko juu ya kabati na watoto haturuhusiwi kuigusa. Betri zikiisha nguvu mama alizianika juani juu ya ungo, zipate uhai wa kumalizia taarifa ya habari ya saa mbili usiku. Mama alimweleza mwenyeji wetu yote haya, kitambaa, ungo, sauti ya mtangazaji wa Radio Tanzania, na yule mama alisikiliza mpaka mwisho kwa mikono iliyofumbatana, wala hakutazama saa. Tulikaa pale dakika ishirini. Kwenye ratiba ile ya sehemu saba tungekuwa tumeshapita taa ile na kwenda zetu, na mama asingejua kwamba alimfahamu mtu huyo miaka yote.

Njia ya maduka kutoka langoni hadi hekaluni ni kama mita 250, na saa ile mengi yalikuwa bado yamefungwa, milango yake ya chuma imechorwa picha. Mama alitembea katikati kwa raha, bila kusukumana na mtu. Mbele ya jumba kuu watu walikuwa wakijipepea moshi wa ubani. Mwenyeji wetu alitueleza wanachofanya na sababu yake, akasimama nasi pembeni, hakutuambia "jaribuni". Jumba lile ni la 1958. La kabla yake liliteketea kwa mabomu usiku wa kuamkia tarehe 10 Machi 1945. Nje upo mti mmoja wa zamani, wao wanauita icho, ambao uliungua usiku ule na ukabaki hai. Ilikuwa mwishoni mwa Novemba, majani yake yamegeuka manjano kama binzari, na chini yake shina limepasuka, ndani ni jeusi, mkaa mtupu, gome jipya limeota likakunjamana kandokando kama kovu. Mama alilisogelea akalitazama kwa muda, akasema tu, "Umeona mengi wewe," akiuambia mti.

Saa tatu na nusu tukashuka kwenye treni ya chini ya ardhi kwa ile lifti ya kwenye ramani. Njia hii ya Ginza ilianza 1927 kati ya Asakusa na Ueno, ya kwanza barani Asia, na mabehewa yake ya sasa yana rangi ya njano kama yale ya awali. Vituo vitatu, tukabadilisha Ueno, vituo viwili vingine, tukafika Nippori. Niseme na la vyoo, maana najua wanaosoma watataka kujua: vya umma ni safi, havilipiwi, na vingi vina maji ya kujisafishia, unabonyeza kitufe. Mama alitoka kwenye kile cha kwanza akiwa na furaha ya mtu aliyepata habari njema. Mapipa ya taka, kinyume chake, ni nadra sana. Tulibeba maganda yetu ya machungwa mfukoni hadi jioni.

Yanaka ndiko mwenyeji wetu alikozaliwa, na alibadilika sauti tulipofika. Tetemeko la 1923 na mabomu ya 1945 vilifagia sehemu kubwa ya Tokyo, lakini mtaa huu ulinusurika kwa kiasi kikubwa, ndiyo maana una nyumba za mbao, vichochoro vya kupita mtu mmoja, na mahekalu madogo kila kona. Tulianzia makaburini, mahali tambarare, njia pana yenye miti ya sakura pande zote. Amezikwa humo Tokugawa Yoshinobu, shoguni wa mwisho, yaani mtawala wa kijeshi, aliyeachia madaraka 1867. Mama alishangaa jinsi makaburi yanavyofagiliwa na watu wanavyokatisha katikati yake na vikapu vya sokoni, kama njia yoyote. Aliketi kwenye kiti chake, paka mmoja akaja akalala karibu na mguu wake mbovu. Hatukusema lolote kwa dakika kumi. Mwenyeji wetu naye alinyamaza, na nadhani kujua wakati wa kunyamaza ni sehemu ya ile kazi niliyomlipa.

Kisha tukafika kwenye zile ngazi. Zinaitwa Yuyake Dandan, ngazi za machweo, kwa sababu zinatazama magharibi, na chini yake unaanza mtaa mwembamba wa maduka. Mwenyeji wetu akaelekea kwenye mteremko kama alivyoahidi. Mama hakumfuata. Alisimama juu, mkono kiunoni, akaziangalia.

"Ni ngapi?"

"Thelathini na sita, mama. Tupite huku."

"Nitashuka."

Nikaanza kubisha. Mwenyeji wetu akaniwekea mkono begani, akasema hatuna haraka yoyote, na leo hakuna ratiba ya kukimbizana nayo. Akatangulia ngazi moja chini ya mama, akishuka kinyumenyume, mimi nikakaa ubavuni. Mguu mzuri ubebe, mguu mbovu utangulie, kama alivyofundishwa na mtu wa mazoezi kule hospitali ya Bombo. Watu wakatupisha. Mama alihesabu kwa sauti, na katikati alisimama mara moja akavuta pumzi, akaendelea.

Chakula cha mchana kilikuwa samaki wa kuchomwa, wali mweupe na chai. Jana yake mwenyeji wetu alikuwa amepiga simu akaomba samaki awekwe chumvi tu, kwa sababu sosi zao nyingi hutiwa mvinyo wa mchele wa kupikia ambao mgeni hawezi kuuona wala kuunusa. Akatuandikia kwenye kadi herufi mbili, ya nguruwe na ya pombe, tuwe tunazitafuta kwenye pakiti dukani. Kadi ile ilituokoa wiki nzima, hasa kwenye biskuti.

Saa nne zilikuwa zimekwisha na zimepita. Nikatoa bahasha ya bakshishi, akaisukuma kwa mikono miwili. Kule si desturi, na nilihisi nimekosea. Mama akafungua mkoba wake akatoa doti ya kanga aliyotoka nayo Tanga, "Mgeni njoo mwenyeji apone." Hiyo aliipokea. Aliniuliza maana ya kila neno, akaikunja tena kwa mikunjo ileile.

Akatusindikiza hadi kituo cha Sendagi, akatupandisha treni ya njia ya Chiyoda. "Msishuke mpaka watu wote washuke," alisema, maana treni ile ilikuwa inaishia Yoyogi-Uehara, mwisho wa njia. Kutoka hapo ni mwendo mfupi hadi Tokyo Camii, msikiti uliojengwa mara ya kwanza 1938 na Waislamu wa Kitatari kutoka Urusi, ukavunjwa kwa uchakavu 1986, huu wa sasa ukafunguliwa 2000 kwa ufundi wa Kituruki. Tuliswali Adhuhuri na Alasiri pamoja, kisafiri, mama akiwa kwenye kiti.

Usiku kaka alikuwa anatuonyesha Shibuya kupitia dirisha la ghorofani ujumbe ulipoingia kwenye simu yangu. Mwenyeji wetu anauliza goti la Okaasan limelalaje. Nikamsomea mama.

"Mwambie linauma kidogo," alisema. "Na mwambie nilizihesabu zile ngazi. Ni 36 kweli."