Mezuza za Bibi

Bibi ninayemhudumia amehamia fleti mpya, ndogo, ya chini, ili asipande ngazi tena. Miimo ya milango iko tupu, na jambo hilo linamsumbua kuliko maboksi yote ambayo hatujayafungua. Katika dini yao ya Kiyahudi, aliyepanga nyumba nje ya Israeli ana muhula wa siku 30 kabla hajalazimika kuweka mezuza, yaani ngozi yenye maandiko matakatifu, mlangoni. Yeye hataki kuungoja muhula huo uishe. Kwa hiyo leo Jumapili tumekwenda dukani.

Kwa asiyeijua Stamford Hill: ni mtaa wa kaskazini mwa London wenye Wayahudi wa Kihasidi, kundi la washika dini sana, wengi kuliko mahali pengine popote Ulaya. Jumamosi maduka yao yote hufungwa kwa Sabato, na Ijumaa za Desemba hufungwa mapema mno, maana jua hapa huzama kabla ya saa kumi jioni. Jumapili ndipo watu wanapomiminika barabarani, akina mama na vigari vya watoto, wanaume na makoti yao meusi marefu, watoto wakiitana kwa Kiyidi, lugha yao ya nyumbani. Bibi si wa asili hiyo. Yeye ni Myahudi wa Aden, bandari ya Yemeni, aliyeondoka na wa mwisho mwaka 1967, na humu mtaani wako wenzake wenye sinagogi lao. Lakini duka la vitabu ni hilihili, wote wananunua hapo.

Duka lenyewe ni jembamba na limejaa hadi darini. Upande mmoja vitabu vya sala, Torati na juzuu za Talmudi, mkusanyo wa sheria zao, zenye migongo ya kahawia na maandishi ya dhahabu. Upande wa pili vikombe vya fedha vya kubarikia divai, vitambaa vya kufunikia mikate ya Sabato, kopo za mikono miwili za kunawia, kofia ndogo za kila rangi, shali za sala zenye vishada pembeni. Karibu na mlango kuna zawadi: kijana wa kiume anapotimiza miaka 13, au msichana 12, ndugu na majirani huja hapa. Wanaopendelea kutoa pesa hutoa 18, au 36, au 180, kwa kuwa kwao kila herufi ina thamani ya namba, na za neno lao la uhai zikijumlishwa hufika 18.

Mimi mtoto wa Pemba, niliyesoma chuoni nikiwa mdogo, sikuhitaji kuelezwa kwa nini mzee mmoja alikibusu kitabu kilichomponyoka kikaanguka. Nyumbani msahafu ukianguka tunafanya vivyo hivyo. Hata vitabu vyao hufunguliwa kutoka kulia. Na mwenye duka, alipomrudishia mama mmoja chenji, aliiweka juu ya kaunta bila kumgusa mkono. Hilo nalo nalijua.

Bibi alikuwa amezileta mezuza zake za zamani ndani ya mfuko wa kitambaa, zikaguliwe. Mtu akipita mlangoni huona kijaluba tu, cha mbao, cha bati, cha fedha, chenye herufi yao ya shini mbele. Ila kijaluba si mezuza. Mezuza ni kipande cha ngozi kilichokunjwa ndani yake, kilichoandikwa kwa mkono, kwa unyoya na wino, maneno ya Kumbukumbu la Torati sura ya 6 na ya 11. Mistari 22, herufi 713. Herufi moja ikikosekana, au ikigusana na jirani yake, yote haifai. Tena herufi lazima ziandikwe kwa mpangilio wake, ya kwanza kabla ya pili, kwa hiyo mwandishi aliyeruka herufi hawezi kurudi nyuma kuichomeka. Ndiyo maana hukaguliwa mara mbili katika miaka saba. Wino hupasuka, unyevu huingia, na wewe uliye nje huna habari.

Mkaguzi alikuwa ameketi nyuma ya duka, kwenye meza yenye taa kali. Alizikunjua moja moja kwa ncha za vidole na kuinama na lenzi. Ya kwanza ikapita. Ya pili akakaa nayo. Akaiinua kwenye mwanga, akaishusha, akaiinua tena. Kulikuwa na herufi moja ambayo mguu wake ulififia chini. Mguu ukiwa mrefu ni vavu, ukiwa mfupi ni yodi, na wa huyu ulikuwa katikati. Nikadhani atatoa hukumu mwenyewe, kwani yeye si ndiye mjuzi? Badala yake alimwita mtoto.

Alikuwa mvulana wa miaka mitano au sita, aliyekuja na baba yake kununua mishumaa. Mkaguzi akafunika maneno ya pembeni kwa vipande vya karatasi, ikabaki ile herufi peke yake, akamuuliza kwa upole: hii ni nini? Sheria yao iko hivyo. Umbo la herufi likitiliwa shaka, huulizwa mtoto anayezijua herufi lakini bado hajawa na akili ya kubashiri neno kutokana na maneno yaliyo jirani. Mtu mzima ameshayahifadhi yale maneno, jicho lake litaona linalotakiwa kuwepo. Mtoto huona kilichopo. Yule mvulana akatazama, akakunja uso kidogo, akasema, "Vavu." Basi, imekwisha, mezuza ni halali. Baba mtu akamkonyeza, wakarudi kwenye mishumaa yao.

Nimeona wataalamu wengi katika kazi hii ya kulea wazee, na ni wachache niliowaona wakimpisha mtoto aseme.

Ya tatu ndiyo iliyokuwa na uzito. Bibi aliifunga peke yake ndani ya leso. Ilikuwa kwenye mlango wa nyumba ya baba yake huko Aden. Mkaguzi aliikunjua taratibu kuliko zote, na sisi wawili tukaona alichokiona kabla hajafungua mdomo: katikati ya ngozi wino umebanduka, maneno mawili yamekwenda na maji. Hakukuwa na herufi ya kumwonyesha mtoto.

Angeweza kunyamaza. Mwanamke wa umri ule, na kumbukumbu ile, nani angejua? Alimwambia, "Mama, hii haiwezi kukaa mlangoni." Bibi akauliza kama haiwezi kuandikwa juu. Akamweleza habari ya mpangilio. Akamwambia ngozi yenye jina la Mungu haitupwi, huwekwa pamoja na vitabu vilivyochakaa ikazikwa makaburini, lakini akitaka anaweza kuihifadhi nyumbani kwa heshima, asiitundike tu. Bibi akaikunja mwenyewe, akairudisha ndani ya leso. Nilimshika bega. Hakulia, alisema tu kwamba mwandishi wake alikuwa na mkono mzuri.

Ikabidi kununua mbili mpya, maana milango inayohitaji ni minne: wa nje, sebule, chumba cha kulala na jiko. Choo na bafu hazitundikwi. Hapo ndipo mwenye duka alipozidi kunipendeza. Bibi alipoonyesha kijaluba cha fedha kilichonakshiwa, yeye alimuuliza kwanza nyumbani kwao wanafuata mwandiko upi, maana Wahasidi wana wao na Wasefaradi, ambao Bibi hufuata desturi yao, wana wao. Kisha akamshauri achukue kijaluba cha bei rahisi, pesa aitie kwenye ngozi. Ngozi nzuri ni makumi ya pauni, na uzuri wake haumwonyeshi mgeni yeyote. Kwenye mtandao zipo zinazouzwa kwa bei ya chai, ukifungua ni karatasi iliyochapwa kwa mashine. Atakayekwambia usinunue ile unayoitaka ni muuzaji anayekujua na utakayekutana naye tena kesho barabarani. Naomba duka hili liendelee kuwepo. Naomba vijana wa mtaa huu wasilikimbie kwa ajili ya pauni mbili tatu.

Tulichukua pia kitabu cha sala cha maandishi makubwa, cha desturi ya Kisefaradi, na boksi la mishumaa ya Hanuka, sikukuu yao ya taa ya siku nane. Ndani mna mishumaa 44, nayo hutosha kabisa: mmoja usiku wa kwanza, miwili wa pili, hadi minane usiku wa nane, na kila usiku mmoja zaidi wa kuwashia wenzake.

Na karafuu. Jumamosi usiku, Sabato inapotoka, hubariki divai, mshumaa uliosukwa wenye tambi zaidi ya moja, na manukato ya kunusa, ili roho ipate faraja siku takatifu inapoondoka. Duka lina vijaluba vya fedha vyenye umbo la mnara kwa kazi hiyo, na wengi hutia karafuu. Mwenye duka aliponifungulia pakiti ninuse, nilimwambia kwamba sisi Pemba tumezichuma, tumezichambua vikonyo jioni sebuleni, tumezianika kwenye majamvi, mvua ikitishia kijiji kizima kinakimbia kuanua. Akaacha alichokuwa akifanya, akaniuliza maswali: mti una urefu gani, unachumwa ukiwa umechanua au bado? Bado, nikamwambia, ukichanua umechelewa. Bibi naye akasema Aden mizigo ya Unguja ilishushwa bandarini na harufu ilifika hadi mitaa yao. Watu watatu kwenye kaunta, foleni imesimama, na hakuna aliyelalamika.

Tuliporudi nilichukua futi. Mezuza hukaa upande wa kulia unapoingia, mwanzo wa theluthi ya juu ya mwimo. Wahasidi na Waashkenazi wengine, yaani Wayahudi wa asili ya Ulaya, wengi wao huiinamisha, Bibi ataiweka wima kama kwao. Mlango una sentimita 198, kwa hiyo ni 132 kutoka sakafuni. Nikaweka alama ya penseli, nikamsogezea kigari chake cha kutembelea, akanyoosha mkono ajaribu. Anafika. Baraka ataisoma yeye, mimi nitashika skrubu. Tumekubaliana kesho asubuhi, kabla muuguzi hajaja.