Mruko mmoja wa Talley Beatty

Tulitoka Metropolitan Museum of Art, New York, saa nne asubuhi, tukapanda basi la M4 pale Madison Avenue kuelekea kaskazini. Tulikuwa tunaufuata mruko mmoja. Katika A Study in Choreography for Camera, filamu bubu ya Maya Deren ya 1945, mcheza dansi Talley Beatty anazunguka ndani ya makumbusho hayo, anaruka, anatua Palisades, kwenye magenge ya mawe ng'ambo ya mto Hudson.

Mzunguko ule ni wa kutazamwa mara kumi. Kichwa kinageuka taratibu, kisha kasi inapanda mpaka sura inafutika. Siri iko kwenye fremu, zile picha mojamoja za filamu: ukirekodi nyingi kwa sekunde, mwendo unaonekana wa taratibu; ukirekodi chache, unaonekana wa kasi. Kwa Bolex, kamera ya springi ya filamu ya milimita 16, unaanza na fremu 64 kwa sekunde, unashuka hadi 8, mchezaji akizunguka kwa mwendo uleule. Hapa wengi huharibu: kwenye 8, kila fremu hupata mwanga mara nane ya ile ya 64. Usipobana tundu la lenzi kadiri unavyoshusha kasi, uso unabaki doa jeupe. Na springi, hata ukiitia ufunguo hadi mwisho, kwenye 64 huisha kwa sekunde kumi na kidogo.

Tulishuka Fort Washington Avenue, tukavuka daraja la George Washington kwa miguu, sakafu ikitetemeka kila lori lilipopita. Hapo ndipo unahisi Deren alichokiondoa: njia. Mapema kwenye filamu Beatty anainua mguu msituni, na mguu huohuo unatua chumbani. Kiungo kinashika kwa sababu mguu unaingia upande uleule wa fremu, kwa kimo kilekile na kasi ileile. Ukirekodi, mwambie mchezaji afanye mwendo mzima kila mahali, kuinua hadi kutua, kisha ukate katikati kwenye meza ya uhariri. Akianzia katikati, misuli huwa imelala, na mtazamaji anaona mkasi ulipopita.

Mruko wenyewe unakaa hewani karibu nusu dakika, muda ambao hakuna mwili unaouweza: ni vipande vilivyoungwa, vya kupanda, vya kuelea, vya kushuka. Ukijaribu, usioneshe ardhi kabla ya kutua. Jicho likiiona tu, linaanza kupima urefu.

Tulifika juu ya magenge, Fort Lee, saa nane kasorobo. Beatty hutua amechuchumaa, magoti yamefunguka, mgongo kwetu, mbele yake uwazi mtupu.